Amiri Abdulqadir Al-Jazairi na Ahadi Yake

Sifa zote njema ni za Mwenyezi Mungu, na rehema na amani zimfikie Mtume Muhammad na jamaa zake na masahaba zake.

Ama baadu, haya ni maelezo mafupi ya maisha ya Amiri Abdulqadir bin Muhyiddin Al-Jazairi, aliyepigana na Wafaransa miaka kumi na mitano kuihami nchi yake, kisha akasimama katika mji wa Dimishki kuwahami Manasara wasiuawe. Watu wengi wamesikia la kwanza wasilisikie la pili. Na wengine wameyasikia yote mawili wakadhani kuwa mtu huyu aligeuka, ya kwamba alikuwa adui wa Manasara kisha akawa rafiki yao. Lakini mwenye kuyatazama maisha yake tangu mwanzo hata mwisho ataona kuwa hakugeuka. Lililomtoa kwenda vitani na lililomsimamisha mlangoni mwa nyumba yake ni jambo moja, nalo ni kushika sharia na kutimiza ahadi, hata pale nafsi inapotaka kisasi.

KUZALIWA KWAKE NA ELIMU YAKE

Abdulqadir alizaliwa mwezi wa Rajabu mwaka 1223 wa Hijra, uliowafikiana na mwaka 1808, katika kijiji cha Guetna karibu na mji wa Mascara, upande wa magharibi wa nchi ya Aljeria. Nasaba yake ilikuwa ya masharifu. Baba yake, Sayyid Muhyiddin, alikuwa mkuu wa tarika ya Qadiria katika upande ule. Nayo ndiyo tarika ambayo zikri zake zimeenea katika pwani ya Afrika ya Mashariki toka Barawa hata Unguja. Pale Guetna palikuwa na zawia na msikiti na darasa. Wasafiri wakilishwa, masikini wakisaidiwa, na waliogombana wakija kupatanishwa. Kijana akakulia katika mambo hayo. Akahifadhi Kurani angali mdogo, akasoma fikihi ya madhehebu ya Imamu Malik, na nahau, na hadithi, kisha akapelekwa mji wa Oran kuzidisha elimu. Pamoja na hayo alikuwa hodari wa kupanda farasi, hata wenziwe wote wakamkiri.

Mwaka 1825 alitoka pamoja na baba yake kwenda kuhiji. Wakapita Misri, ambayo wakati ule ilikuwa chini ya Muhammad Ali Pasha, wakaona majeshi mapya na viwanda na mambo aliyoyaleta pasha yule kutoka Ulaya. Baada ya hija wakaenda Dimishki, na kutoka huko wakaenda Baghdad kuzuru kaburi la Sheikh Abdulqadir Jilani. Katika miji ile mikubwa walikuwako Manasara na Mayahudi wa tangu zamani, wenye makanisa yao na masoko yao, wakikaa katika dhima ya Waislamu. Wakati ule hakujua kuwa iko siku dhima hiyo itamwangukia yeye mabegani. Wakarejea kwao baada ya muda wa miaka kama miwili.

KUINGIA KWA WAFARANSA

Mwezi wa Juni mwaka 1830 jeshi la Wafaransa lilishuka Sidi Ferruch, na tarehe 5 Julai mji wa Algiers ukasalimu amri. Katika mkataba wa siku ile jemadari wa Kifaransa aliahidi kuwa dini ya wenyeji, na mali zao, na heshima ya wake zao, havitaguswa. Hazikupita siku nyingi ahadi ile ikavunjwa. Mali za wakfu zikachukuliwa, na mwaka 1832 msikiti wa Ketchaoua, uliokuwa miongoni mwa misikiti mizuri ya mji, ukafanywa kanisa.

Watu wa magharibi ya nchi wakaona kuwa hawana mtawala wala wa kuwaongoza. Wakamwendea Sayyid Muhyiddin wakamtaka awe sultani wao. Akakataa kwa ajili ya uzee wake, akawaonyesha mwanawe. Basi mwezi wa Novemba mwaka 1832, katika uwanda wa Ghriss, makabila yakampa Abdulqadir baiya, naye ni kijana wa miaka ishirini na nne. Akaitwa Amiri.

Akaanza kazi ya kuiunganisha nchi iliyozoea kugawanyika. Akaweka makhalifa katika wilaya, na makadhi wenye mishahara ili wasile rushwa. Akakusanya zaka na ushuri kwa njia ya sharia, akapiga sarafu kwa jina la dola yake, akatengeneza jeshi lenye mavazi na mafunzo, akajenga ngome ya Tagdempt na ndani yake mahali pa kufanyizia silaha. Wala hakuona haya kuajiri mafundi wa Ulaya, wala kumtuma Myahudi Ben Duran katika mapatano yake na Wafaransa, kwani alijua kuwa elimu na kazi ni vitu vya kutafutwa popote vilipo. Yeye mwenyewe alikaa katika hema, na nguo zake zilikuwa za sufi za kawaida.

Wafaransa wakapatana naye mwaka 1834, wakavunja. Mwezi wa Juni mwaka 1835 akawashinda katika vita vya Macta. Mwaka 1837 jemadari Bugeaud akafanya naye mkataba wa Tafna, uliomwachia sehemu kubwa ya nchi. Na mwaka 1839 jeshi la Wafaransa likapita katika milima ambayo yeye aliihesabu kuwa ndani ya mpaka wake, na vita vikaanza tena.

MATEKA WAKE

Katika vita vile ilikuwa ada ya wapiganaji kukata vichwa vya maadui na kuvileta kwa mkubwa wapate bakhshishi. Amiri akaikataza ada hiyo. Akatoa amri kwamba askari atakayemleta mateka aliye hai atapewa zawadi, na atakayemdhuru mateka ataadhibiwa. Mateka wakala katika chakula walichokula askari, na mama yake, Bibi Zohra, akawaangalia mwenyewe mateka wanawake. Ikatokea mara kuwa chakula kimepungua kambini, na Amiri akawaachia mateka waende kwao pasipo fidia, kwa kuwa hakuweza kuwalisha, na kuwafunga kwa njaa hakukuona kuwa ni halali.

Mwaka 1841 askofu wa Algiers, jina lake Dupuch, alimwandikia barua kumwombea Mfaransa mmoja aliyetekwa, ambaye mkewe alikuja kwa askofu akilia. Amiri akamjibu kwa adabu, lakini jawabu lake lilikuwa na mafunzo ndani yake. Alimweleza kuwa kiongozi wa dini hakupasa kuombea mmoja tu, bali angeomba wafunguliwe mateka wa Kinasara wote. Na ingekuwa bora zaidi lau angewaombea na Waislamu waliofungwa katika magereza ya Wafaransa. Askofu akaona kuwa neno lile ni la haki. Akaingia kazini, na katika mwezi wa Mei mateka zaidi ya mia wakabadilishwa, wa upande huu kwa wa upande huu. Baadaye Amiri akamwandikia tena kuwa, akipenda, alete kasisi akae na mateka waliosalia, awasalishe sala zao na kuwaandikia barua za nyumbani, na kasisi huyo hatapatwa na baya. Askofu Dupuch hakuyasahau mambo hayo, kama itakavyoonekana.

Liko doa moja katika khabari hizi, wala haifai kulificha. Mwezi wa Aprili mwaka 1846, kambi ya Amiri ikiwa katika nchi ya Moroko nayo imeshikwa na njaa na khofu, na yeye mwenyewe akiwa mbali vitani, mateka wa Kifaransa zaidi ya mia mbili waliuawa kwa amri ya mdogo wake katika uongozi. Amiri hakuamrisha. Lakini damu ile ilimwagika chini ya bendera yake, na maadui zake waliishika kuwa hoja juu yake kwa miaka mingi.

Na ajue msomaji ni vita vya namna gani hivi. Bugeaud, aliporudi kuwa liwali mkuu wa Aljeria, alifuata njia ya kuchoma mashamba, kukata miti ya matunda na kuteka mifugo, ili watu washindwe na njaa. Mwezi wa Juni mwaka 1845, katika milima ya Dahra, watu wa kabila la Ulad Riah walikimbilia pangoni na wake zao na watoto wao. Jeshi la kanali Pélissier likawasha moto mdomoni mwa pango, na mamia ya watu wakafa kwa moshi. Basi yule ambaye baadaye aliwaokoa Manasara hakuwa mtu asiyeijua dhulma.

AHADI ILIYOVUNJWA

Mwaka 1843 Wafaransa waliuteka mji wake wa mahema, na pamoja na mali na watu vikapotea vitabu vyake alivyovikusanya kwa miaka mingi. Mwaka 1844 jeshi la Sultani wa Moroko lilishindwa katika vita vya Isly, na sultani yule akalazimishwa kumwacha Amiri, kisha akamgeukia kwa silaha. Mwishoni mwa mwaka 1847 Amiri akajikuta baina ya majeshi mawili, na nyuma yake wanawake na watoto na majeruhi. Akawashauri watu wake. Angeweza kupenya jangwani pamoja na wapanda farasi wachache, lakini wale waliobaki wangeangamia.

Basi mwezi wa Desemba akasalimu amri kwa jemadari Lamoricière, kwa sharti moja, kwamba yeye na watu wake wapelekwe Iskandaria au Akka, katika nchi za Waislamu. Jemadari akaahidi kwa maandishi. Duke d'Aumale, mwana wa Mfalme wa Ufaransa naye ndiye liwali mkuu wa wakati ule, akaikubali ahadi ile. Amiri akampa farasi wake, akapanda merikebu.

Merikebu haikwenda Iskandaria wala Akka. Ilikwenda Toulon, na Amiri akatiwa ngomeni pamoja na jamaa zake na wafuasi wake. Mwezi wa Februari mwaka 1848 mfalme akapinduliwa, na serikali mpya ikasema kuwa haifungwi na ahadi ya mfalme aliyeondoka. Akahamishiwa Pau, kisha ngome ya Amboise. Wafaransa wakamtumia wajumbe, wakamwahidi mali na majumba na heshima katika nchi yao, mradi awasamehe ile ahadi. Akakataa. Alitaka kile alichoahidiwa, hata kama kukingoja ni kufia kifungoni.

Na wengi walikufa. Katika bustani ya Amboise yako makaburi ya watu 25 katika jamaa zake na wafuasi wake, na ndani yao wamo watoto. Baridi na huzuni ziliwamaliza.

Hata hivyo, katika kifungo kile watu wa Ufaransa walipata kumjua. Wakaja maaskari aliowateka zamani wakimshukuru kwa wema wake. Wakaja makasisi na wenye elimu, wakazungumza naye juu ya dini na hekima, naye akawajibu kwa upole pasipo kuacha hata harufu ya imani yake. Akisali kwa wakati, na kuwasomesha watu wake. Na yule askofu Dupuch, ambaye wakati huo alikuwa ameuacha uaskofu naye ni masikini, akaja kumzuru, akaandika kitabu cha kumtetea mwaka 1849, akiwakumbusha Wafaransa kuwa ahadi ya nchi yao imevunjwa. Wema uliofanywa jangwani mwaka 1841 ukarudi Amboise baada ya miaka minane.

Tarehe 16 Oktoba mwaka 1852 Louis-Napoléon, mtawala mpya wa Ufaransa, alikwenda Amboise mwenyewe akamwambia kuwa yu huru. Amiri akamwahidi kuwa hatarudi Aljeria kupigana na Wafaransa. Hakulazimishwa kuitoa ahadi hiyo. Aliitoa kwa khiari yake, na Ufaransa ikamkadiria riziki ya kila mwaka.

KUHAMIA SHAM

Akaenda kwanza mji wa Bursa katika dola ya Kituruki. Huko akaandika risala kwa wenye elimu wa Paris, akieleza ubora wa akili na elimu, na haja ya wanadamu kwa Mitume, na faida ya maandishi. Mwaka 1855 tetemeko la ardhi likauharibu mji wa Bursa, akahamia Dimishki. Waaljeria wengi wakamfuata, na wengine walikuwa wamemtangulia kule. Nyumba yake ikawa mahali pa wanavyuoni. Akasomesha katika Msikiti Mkuu wa Bani Umayya, na ilionekana kuwa siku zake zilizobaki zitakuwa za vitabu na ibada.

Lakini nchi ya Sham ilikuwa imejaa chuki. Mwaka 1856 Sultani wa Kituruki alitoa tangazo la kuwafanya raia wote kuwa sawa, Waislamu na wasio Waislamu. Waislamu wengi wakaona kuwa jambo lile limeletwa kwa nguvu ya Wazungu. Vitambaa vya viwanda vya Ulaya vilikuwa vimeharibu kazi ya wafumaji wa mji, na baadhi ya Manasara walikuwa wametajirika kwa biashara na kwa himaya ya mabalozi. Pakawa na mabishano juu ya kodi ya kuwatoa Manasara katika askari. Kisha, mwezi wa Mei mwaka 1860, vita vikazuka katika milima ya Lebanon baina ya Wadruzi na Wamaroni, na Manasara kwa maelfu wakakimbilia Dimishki.

Amiri aliiona fitina kabla haijafika. Akamwendea liwali, Ahmad Pasha, zaidi ya mara moja, akamtahadharisha. Akawaandikia wakubwa wa Wadruzi kuwakataza wasiukaribie mji. Akawaweka Waaljeria wake tayari, na fedha za kuwanunulia silaha zikatoka kwa balozi wa Ufaransa. Ama liwali, alisema kuwa hapana khatari.

SIKU ZA MFUNGUO TATU

Tarehe 9 Julai mwaka 1860, nao ulikuwa mwezi wa Mfunguo Tatu mwaka 1276, vijana wa Kiislamu waliokuwa wakichora misalaba njiani ili Manasara waikanyage walitolewa wakiwa wamefungwa minyororo, waifagie mitaa ya Manasara. Watu wa soko wakaghadhibika, wakawafungua, na ghasia ikaanza. Baada ya saa chache mtaa wa Bab Tuma ulikuwa unawaka moto. Wahuni wa mji, na watu wa mashamba, na hata baadhi ya askari wa serikali, wakaingia kuua na kupora.

Amiri alikuwa nje ya mji. Alipopata khabari alirudi mbio, akawagawanya Waaljeria wake makundi makundi, akaingia nao katika mitaa iliyokuwa ikiungua. Wakawatoa watu majumbani na visimani na juu ya mapaa. Akawatoa mabalozi, wa Ufaransa na Urusi na Ugiriki. Akawatoa watawa wa kike pamoja na watoto wa shule yao, akapita nao njiani wamezungukwa na Waaljeria wenye bunduki. Nyumba yake ikajaa, na nyumba za jirani zikajaa, hata hapakuwa na mahali pa mtu kukaa. Ikambidi awapeleke makundi makundi katika ngome ya mji, na kila kundi likilindwa na watu wake, ili aipishe nafasi kwa wengine.

Kundi kubwa la watu wenye silaha likaja mlangoni pake, wakamtaka awatoe Manasara aliowaficha. Amiri akatoka kwao. Wakamkabili kwa neno zito. Wakamwuliza imekuwaje yeye, aliyewaua Manasara wengi kule kwao, awakataze wao leo kuwaua wa kwao. Akawajibu kuwa aliowaua aliwaua kwa sharia, kwani walimjia kwa silaha kuipiga vita dini yake na nchi yake. Ama hawa waliomo nyumbani mwake hawakumpiga vita mtu yeyote. Akawaonya kuwa hatamtoa hata mmoja maadamu yuko askari wake mmoja aliye hai, akawaamuru watu wake wakae tayari. Kundi lile likatawanyika.

Jawabu lile ndilo roho ya maisha yake yote. Manasara wa Dimishki hawakuingia Algiers. Hawakuuchukua msikiti wa Ketchaoua, wala hawakuwasha moto katika pango la Dahra, wala hawakuvunja ahadi ya Lamoricière. Walikuwa na jina moja la dini na waliofanya hayo, basi. Lau Amiri angetaka kisasi, siku ile alikipata mlangoni pake bila ya taabu, wala asingalihitaji hata kunyanyua mkono. Ilitosha kufunga mlango na kukaa kimya. Lakini sharia haimbebeshi mtu dhambi ya mwenziwe, na dhima ya Waislamu haivunjwi kwa kuwa Wafaransa wamevunja yao.

Kisha akatangaza kuwa mtu yeyote atakayemleta Mnasara aliye hai atapewa kurushi hamsini. Akaweka mkeka mlangoni, na mfuko wa fedha kando yake, akakaa pale mchana na usiku, akilipa na kupokea watu. Hukumu ni ile ile aliyowapa askari wake jangwani zaidi ya miaka ishirini nyuma.

Wala hakuwa peke yake. Salih Agha Al-Mahayini, mkubwa wa mtaa wa Midan, aliwahami Manasara wa upande wake; na Sheikh Mahmud Hamza, ambaye baadaye alikuwa mufti wa Dimishki, aliwaficha nyumbani mwake; na Waislamu wengine wengi wakafanya hivyo kwa jirani zao. Fitina ilidumu siku kadha wa kadha. Waliouawa walikuwa maelfu, na waliookoka kwa mkono wa Amiri na watu wake walikuwa maelfu vile vile. Wengi katika waliookoka walisindikizwa na Waaljeria mpaka Beirut.

BAADA YA FITINA

Sultani akamtuma Fuad Pasha, akafika mwishoni mwa Julai. Waliohusika wengi wakauawa kwa hukumu, na liwali Ahmad Pasha akapigwa risasi kwa kuacha wajibu wake. Na dola za Ulaya zikapata sababu waliyokuwa wakiitafuta. Jeshi la Wafaransa likashuka Lebanon mwezi wa Agosti, likakaa mpaka mwaka 1861. Basi wale waliodhani kuwa kwa kuua jirani zao wanawafukuza Wazungu, ndio waliowafungulia mlango.

Amiri akaletewa nishani na zawadi kutoka Ufaransa, na Urusi, na Ugiriki, na kwa Papa wa Rumi, na kwa Sultani wa Kituruki, na bastola kutoka kwa Abraham Lincoln, Rais wa Marekani. Katika nchi hiyo ya Marekani, jimbo la Iowa, mji mdogo uitwao Elkader ulikuwa umekwisha kupewa jina lake tangu mwaka 1846, kwa sifa ya vita vyake. Lakini askofu mpya wa Algiers alipomwandikia kumshukuru, Amiri alijibu kuwa aliyoyafanya yalimlazimu kwa sharia ya Kiislamu na kwa haki za ubinadamu. Naye Imamu Shamil wa Daghestan, aliyekuwa mateka wa Warusi baada ya kupigana nao muda mrefu, alimwandikia kumsifu kwa kuishika sharia mahali ambapo wengi waliiacha. Mujahidi wawili hao walifahamiana kwa barua, maana wote wawili walijua kupigana, na walijua pia mpaka wa kupigana.

MWISHO WA MAISHA YAKE

Mwaka 1863 akaenda Makka na Madina, akakaa huko mwaka na zaidi kwa ibada. Mwaka 1869 akahudhuria kufunguliwa kwa mfereji wa Suez. Akatuma wanavyuoni wawili mpaka Konya kuisahihisha nakala ya Futuhat ya Ibn Arabi, akatoa mali yake kitabu hicho kipigwe chapa. Na darsa zake za tasawwuf zikakusanywa katika kitabu kiitwacho Al-Mawaqif.

Jaribio la mwisho la ahadi yake lilikuja mwaka 1871. Ufaransa ilikuwa imeshindwa na Wajerumani, na Aljeria ikanyanyuka kupigana. Mwanawe, Muhyiddin, akatoroka akaenda kujiunga na vita. Ilikuwa fursa ambayo Amiri hakuipata alipokuwa kijana. Lakini alikuwa ameahidi. Akamkana mwanawe kwa maandishi, na wako waliomlaumu kwa jambo hilo, na wako wanaomlaumu hata leo, wakisema kuwa ahadi kwa mvunja ahadi haina uzito. Yeye hakuona hivyo. Kwake yeye ahadi ni deni, na anayedai deni hilo si Mfaransa, bali ni Mwenyezi Mungu aliyeshuhudia.

Akafa tarehe 26 Mei mwaka 1883, mwezi wa Rajabu mwaka 1300, katika kitongoji cha Dummar nje ya Dimishki, akazikwa Salihiya ubavuni mwa Ibn Arabi. Aljeria ilipata uhuru wake mwezi wa Julai mwaka 1962, na mwaka ule ule Ketchaoua ikarudi kuwa msikiti. Mwaka 1966 mabaki yake yakachukuliwa kutoka Sham yakazikwa Algiers. Naye ambaye hakurudi kwao akiwa hai, kwa kuitimiza ahadi yake, alirudi akiwa maiti, na nchi ikiwa huru.

Mwenye akili katika miji ya pwani, ambako tangu zamani Mwislamu na Baniani na Mnasara hupakana nyumba na kukutana sokoni, hatakosa cha kujifunza katika maisha haya. Kuihami dini si kumdhulumu jirani. Aliyedhulumiwa na mtu ana haki juu ya mtu yule, wala hana haki juu ya kila anayefanana naye jina. Na ushujaa wa kumkabili adui ni mkubwa, lakini ulio mkubwa kuliko huo ni wa kuwakabili watu wako mwenyewe wanapotaka kudhulumu.

Mwenyezi Mungu amrehemu Amiri Abdulqadir, na awarehemu wote waliozitimiza ahadi zao. Amin.